Mahakama ya Darini na Mahakama ya Stesheni

Mabishano juu ya haki ya mtengeneza senema kubadili kitabu cha marehemu ni ya zamani, na aghalabu hayana ladha, kwa kuwa upande mmoja hukishika kitabu kana kwamba ni amana isiyoguswa, na upande wa pili huishika kamera kana kwamba haikuwahi kutanguliwa na kalamu. Lakini iko kadhia moja ambayo mimi sijachoka kuisikiliza, nayo ni kadhia ya Josef K., ofisa wa benki mwenye cheo kizuri, ambaye asubuhi ya siku aliyotimiza miaka 30 aliamka akakuta watu asiowajua wamekuja kumkamata ndani ya chumba chake cha kupanga, wakamwambia kwamba yu chini ya ulinzi lakini anaweza kwenda kazini kama desturi, wakala na kifungua kinywa chake, na hawakumtajia kosa. Na mwaka mmoja baadaye aliuawa, kosa lake halijatajwa bado. Franz Kafka, Myahudi wa Prague aliyeandika kwa Kijerumani, alianza kuiandika riwaya hiyo mwezi wa Agosti 1914, akaiacha mwaka uliofuata bila kuikamilisha. Alifariki kwa kifua kikuu tarehe 3 Juni 1924, naye alikuwa amemwusia sahibu yake Max Brod aziteketeze karatasi zake; Brod asiteketeze kitu, akaitoa riwaya mwaka 1925. Mwezi wa Desemba 1962 Orson Welles wa Marekani akaonyesha mjini Paris filamu aliyoitengeneza kutokana nayo, Anthony Perkins akiwa Josef K., Jeanne Moreau na Romy Schneider wakiwa miongoni mwa wanawake wanaokutana naye, na Welles mwenyewe akiwa wakili.

Ili nisiibebe hoja peke yangu nimewaketisha barazani watu watatu. Wa kwanza ni Maalim, aliyefundisha fasihi hata ndevu zikageuka nyeupe. Wa pili ni Karani, aliyestaafu katika masijala ya mahakama moja ya mwambao. Wa tatu ni Binti, ambaye kazi yake ni kukata na kuunga picha za senema. Majina yao hayana kazi hapa, na msomaji asisikitike, maana katika kitabu chenyewe mshitakiwa hakupewa jina la ukoo zaidi ya herufi moja. Mimi ni mwandishi wa kumbukumbu tu, ila pale nitakaposhindwa kunyamaza.

MAALIM: Nitaanza na shitaka. Welles ameikuza mahakama. Katika kitabu, K. anaitwa kikaoni siku ya Jumapili, saa hakuambiwa, na anapofika anakuta jengo la wapangaji maskini, watoto wamejaa ngazini, vitanda havijatandikwa, wanawake wanapika kwa mkono mmoja na kwa mkono wa pili wamebeba watoto; naye, kwa kuona haya kuuliza mahakama iko wapi, anajifanya anamtafuta seremala aitwaye Lanz, mlango hata mlango, mpaka orofa ya tano, ambapo mwanamke kijana anayefua nguo za mtoto katika beseni anamwonyesha chumba kwa mkono uliolowa. Ndani, waliosimama juu kwenye roshani wameinama kwa ufupi wa dari, na wengine wamekuja na mito wameiweka baina ya vichwa vyao na dari wasijiumize. Afisi zenyewe ziko darini, mahali pa kuanikia nguo na kutupia makorokoro, hewa imekuwa nzito hata K. anakaribia kuzirai, na watumishi wa mahakama, wanapomsindikiza mpaka penye upepo safi, wao nao ndio wanaoshikwa na kizunguzungu, kwa kuwa mapafu yao yamekwisha kuzoea ile hewa nyingine. Hiyo ndiyo dhulma aliyoiona Kafka, dhulma iliyopanga chumba jirani na jiko la watu. Welles ameichukua akaipeleka katika stesheni ya gari la moshi iliyojengwa kwa fahari ya maonyesho ya dunia. Mtu akionewa na jumba kubwa hujua kwamba ameonewa, na pengine hujiona mtu wa maana kwamba wakubwa wameshughulika naye. Lakini akionewa na mahakama iliyoko juu ya beseni la kufulia atamweleza nani, na nani atamsadiki?

BINTI: Maalim, kwa ihsani yako, stesheni hiyo hakuichagua kwa kupenda fahari. Alexander Salkind, mtayarishaji aliyetafuta fedha, alimpa Welles orodha ya vitabu vilivyodhaniwa kwamba havina tena mwenye haki, achague kimoja, naye akachagua hiki. Sehemu kubwa ya picha ilipangwa kupigwa Zagreb, huko Yugoslavia, na michoro ya majengo ya bandia ilikuwa tayari, mara fedha zikakatika, majengo yasijengwe. Welles alisimulia kwamba alikuwa Paris katika hoteli, usingizi umempaa, akatazama dirishani akaona miezi miwili imening'inia ng'ambo ya mto, na miezi hiyo ilikuwa nyuso mbili za saa za stesheni ya Orsay. Alivuka usiku ule ule akaingia, akaona amepata mahakama yake yote, ya ndani na ya nje. Stesheni ile ilifunguliwa mwaka 1900, na kabla ya miaka 40 kwisha majukwaa yake yalikuwa mafupi mno kwa magari marefu ya siku hizo, nayo magari hayo yakaiacha. Na mwaka 1945 ndipo walipopokelewa humo mateka na waliohamishwa kwa nguvu waliokuwa wakirejea kutoka Ujerumani. Basi hapo si fahari, Maalim. Hapo ni mahali pa kungoja, ambapo kilichokuwa kikingojwa kimekwisha kuacha kupita. Nami nakuomba ukumbuke chumba cha K. mwanzo wa filamu: Perkins alikuwa mtu mrefu, na dari imeshushwa hata inakaribia kumgusa utosi, na kamera ya Edmond Richard imewekwa chini ili dari hiyo isitoke machoni mwetu. Ile mito ya vichwani uliyoitaja, Welles ameitia katika urefu wa mwigizaji.

MAALIM: Umenena vizuri, binti yangu, na dari nimekukubalia. Stesheni bado.

KARANI: Mtaniwia radhi nyote wawili. Mimi nimefanya kazi darini na nimefanya kazi katika jumba lenye nguzo, na napenda kuwaambia kwamba majalada hayajui tofauti. Alikuwako mjane aliyekuja kuuliza mirathi ya mumewe. Jalada lake lilikuwa limeitwa na mahakama ya juu kwa sababu ya shauri jingine lililogusa kiwanja kile kile. Katika rejista yetu limeandikwa limetoka, tarehe ipo na sahihi ya tarishi ipo. Katika rejista ya huko juu limeandikwa limerudi, tarehe ipo na sahihi ipo. Hakuna aliyemfukuza yule mama. Tulimpa kiti, tulimjua kwa jina, tulimwuliza hali ya wajukuu zake, kisha tukamwambia kweli tupu, kwamba jalada haliko kwetu. Akienda kule, nako wakimwambia kweli tupu. Kweli mbili hizo zilimweka njiani hata akaacha kuja. Sasa nilipoisoma riwaya hii sikumwona humo dikteta, wala sikumwona mtu katili aliyeketi mahali akicheka, niliwaona wenzangu. Wale walinzi wawili wanaomkamata K. ni watu wa mshahara mdogo, wanaotamani shati zake za kulalia kwa kuwa desturi ya kazi yao ni kuchukua nguo za waliokamatwa. Yule mwandishi wa kitabu, namwuliza Maalim, alijifunza wapi mambo haya ya ndani?

MAALIM: Alijifunza afisini, bwana Karani, kama wewe. Kafka alikuwa daktari wa sheria tangu 1906, na mwaka 1908 aliingia katika shirika la bima ya wafanyakazi wanaopata ajali, la Ufalme wa Bohemia, mjini Prague, akadumu humo hata mwaka 1922, ugonjwa ulipomstaafisha. Kazi yake ilikuwa kupima hatari za viwanda na kujibu malalamiko ya wenye viwanda waliodai kwamba wametozwa zaidi ya haki. Ziko taarifa alizoziandika kuhusu mashine za kupigia randa mbao: mhimili wa pembe nne wenye visu uliokuwa ukitumika ulikuwa ukichukua vidole vya mafundi, kwa kuwa mkono ukiteleza huingia katika mwanya ulio baina ya kisu na meza, naye akahimiza mhimili wa mviringo, ambao mwanya wake ni mdogo, na taarifa ikachorwa picha za mikono, huu umepungua kidole kimoja, huu umepungua viwili.

KARANI: Alhamdulillahi. Basi alikuwa karani mwema.

MAALIM: Alikuwa karani mwema, na watu wengi wanaomsoma husahau, au hawataki kukumbuka. Afisi iliyompa maudhui ya dhulma ndiyo afisi aliyookolea vidole vya watu.

Hapa mwandishi wa kumbukumbu ataingiza neno lake. Nimeona katika waandishi wanaomzungumzia Kafka tabia ya kumgeuza nabii aliyetabiri dola za kikatili zilizokuja baada yake, na ni kweli kwamba dada zake watatu waliangamia mikononi mwa Wanazi, na kwamba vitabu vyake vilikuwa na nafasi finyu katika Chekoslovakia ya wakomunisti mpaka wanavyuoni walipokutana huko Liblice mwezi wa Mei 1963 kumzungumza hadharani, miezi michache tu baada ya filamu hii kutoka. Ndiyo maana Welles, akitaka mji wenye sura ya Prague, aliishia Zagreb. Lakini nabii hutazama mbali, na Kafka alitazama meza yake. Ukiisoma riwaya kwa nia ya kumtafuta Hitler au Stalin humo, utayapita yote aliyoyaandika kuhusu benki.

KARANI: Benki! Umeniondolea maneno kinywani. Watu wote humhurumia K., nami humhurumia, lakini mnatazama anavyofanya kazi yake? Kuna sura ambayo wateja wake wakubwa wanamngoja nje ya chumba, wenye viwanda na wenye mali, naye ndani anatazama theluji dirishani na kuwaza kesi yake. Hatimaye anatoka, amevaa koti, anawaambia wamsamehe, ana shughuli, waje siku nyingine. Waje siku nyingine! Maneno hayo nimeyasema mimi zaidi ya mara nilizosema jina langu. Tena kuna kile chumba cha makorokoro. K. alilalamika mbele ya mahakama juu ya wale walinzi wawili, na siku moja jioni, akipita ukumbini mwa benki yake, anasikia mtu akiugua nyuma ya mlango. Anafungua, anawakuta wale wale, na mtu mwenye fimbo anawachapa kwa ajili ya malalamiko yake. Kesho yake anafungua tena mlango, bado wapo, vile vile, fimbo imeinuliwa. Anafanyaje? Anaufunga mlango, anakwenda kwa watumishi wa benki, karibu alie, anawaamuru wakisafishe kile chumba, kwa kuwa taka zimezidi. Mtu wa afisi hakosi kulitambua jambo hilo. Dhulma imo chumbani, mkubwa anatoa amri ya ufagio.

BINTI: Mzee wangu, hilo Welles alilielewa kuliko wasomi wengi. Kisa cha fimbo amekiweka, taa moja inaning'inia na kuyumba, chumba chembamba hata huoni nani anampiga nani. Alipoulizwa kuhusu K., alisema waziwazi kwamba yeye anamhesabu kuwa ana hatia. Si hatia ya shitaka, bali ya kuwa mmoja katika jamii ile na kushirikiana nayo. Na ndiyo sababu ametupigia ile picha ya ukumbi wa kazi wa K., ndani ya jengo la maonyesho ya biashara la Zagreb, madawati yamepangwa safu kwa safu hata upeo wa macho, Welles alipenda kusema kwamba yalikuwa 850, na kila dawati mpiga taipu wake na mashine yake; K. anakatiza katikati yao kuelekea meza yake iliyoinuliwa juu ya jukwaa, na saa ya kutoka inapofika wote wanasimama kwa pamoja, kelele za taipureta zinakoma ghafla, wanaondoka. Maalim anasema mahakama imekuzwa. Mimi nasema kilichokuzwa ni benki, ili tuone kwamba K. alikuwa na mahakama yake kabla ya kukamatwa.

MAALIM: Hoja hii ina uzito, sikatai. Lakini kama Welles aliijua hatia ya K. namna hiyo, kwa nini mwishoni anamsamehe?

Hapo ndipo penye kiini, na wasomaji wasioijua filamu yafaa waelezwe. Katika kitabu, mkesha wa siku ya kutimiza miaka 31, mabwana wawili wanene, waliovaa makoti marefu na kofia ndefu, wanakuja kumchukua K., ambaye ameketi karibu na mlango, amevaa nguo nyeusi, kana kwamba anangoja wageni. Wanamshika mikono kila mmoja upande wake, wanatembea naye katika mbalamwezi mpaka nje ya mji penye machimbo ya mawe, wanamlaza, kisha wanapitishiana kisu juu ya kifua chake kwa adabu nyingi. K. anafahamu kwamba anatarajiwa akitwae kisu mwenyewe ajiue, naye hafanyi. Mmoja anamchoma moyoni. Anakufa akiona haya. Katika filamu, K. wa Perkins yu shimoni, kisu kinapitishwa juu yake, anakikataa, anawapigia kelele kwamba itabidi wao wafanye kazi hiyo. Wanatoka shimoni wakiwa wametahayari, wanamrushia baruti, naye anacheka, anacheka, mlipuko unafuata, na moshi unapanda angani kwa umbo ambalo mtazamaji wa mwaka 1962 hakuweza kulitazama bila kukumbuka bomu la atomiki.

BINTI: Welles alitoa sababu. Alisema hangeweza kumwacha K. afe kwa kujisalimisha baada ya Wayahudi milioni 6 kuuawa, na kwamba mwisho ule kwa rai yake uliandikwa kabla ya Hitler. Mtu anayepiga picha baada ya maafa yale, katika stesheni ile waliyorejea baadhi ya walionusurika, amwonyeshe tena Myahudi akiinamisha shingo? Mimi nisingeweza kuikata picha hiyo mezani kwangu. Tena, Maalim, kitabu chenyewe hakikukamilika. Sura zake zilikuwa mafungu ya karatasi, na aliyezipanga ni Brod. Ikiwa rafiki aliruhusiwa kupanga, kwa nini mwongozaji asiruhusiwe? Welles naye alizibadili sura mahali pake.

MAALIM: Zile za katikati, ndiyo, zipange upendavyo. Lakini waliochunguza miswada wametuonyesha kwamba sura ya mwisho Kafka aliiandika mapema sana, karibu pamoja na ile ya kwanza. Alijenga kuta mbili, wa mbele na wa nyuma, kisha akashindwa kumaliza vyumba. Basi ukimbadilishia mwisho hukutia tofali palipopungua. Umebomoa ukuta aliousimamisha mwenyewe. Na kuhusu kuinamisha shingo, umesahau polisi.

BINTI: Polisi yupi?

MAALIM: Wale wauaji wawili wakiwa njiani na K., polisi mwenye masharubu mazito anawasogelea, mkono wake u juu ya kitara, ameshuku. Wauaji wanasita. Mlango wa kuokoka ni huo, upana wake wa kutosha. Na nani anayevuta mbele? K.! Yeye ndiye anayewakokota wale mabwana, anageuka nyuma mara kadhaa kuona kama polisi anawafuata, na wakikata kona anaanza kukimbia, wao nao wanakimbia wakitweta. Kafka hakuandika mtu dhaifu anayechinjwa. Aliandika mtu wa afisi anayemsaidia mnyongaji wake aifikie ahadi kwa wakati. Haya anayokufa nayo ndiyo hukumu aliyojitolea mwenyewe, na pengine ndiyo hukumu pekee iliyotolewa katika kitabu kizima. Ukiifuta kwa kicheko umebakiwa na shujaa, na shujaa hatufundishi kitu, maana sote tunajua kwamba sisi si mashujaa.

Nami, kwa kuwa nilijipa ruhusa ya kutonyamaza, nasema kwamba katika jambo hili niko upande wa Maalim, pamoja na kwamba sababu ya Binti ni ya heshima na sijui kama ningekuwa na ujasiri wa kuipinga mbele ya mtu aliyefiwa katika maafa yale. Kicheko cha Perkins kinanishtua kila nikiitazama filamu, lakini hakitoki kwa mtu tuliyemwona kwa muda wa karibu saa mbili, mtu mwenye hofu ya wakubwa wake, anayesema sana na kusikiliza kidogo. Sehemu ya filamu iliyomkaribia Kafka kuliko zote, kwa rai yangu, haihusu K. bali Bloch, yule mfanyabiashara mzee aliyechezwa na Akim Tamiroff, mwenye kesi ya miaka mingi, anayelala katika kijichumba ndani ya nyumba ya wakili ili awe karibu akiitwa, na anapoitwa anatambaa mpaka kitandani kuubusu mkono wa Welles. Hakuna baruti hapo, na huwezi kuitazama bila kutaka kutoka chumbani.

KARANI: Mimi nina ugomvi mwingine, na ni ugomvi wa bawabu. Kile kisa cha mtu wa shamba aliyekwenda kwenye Sheria akakuta mlango u wazi na bawabu amesimama: bawabu anamwambia sasa hivi haiwezekani, anampa kigoda, mtu anakaa hapo miaka hata anazeeka, anatoa hongo ya kila alicho nacho, na bawabu anaipokea ili asije akadhani kwamba kuna jambo hakujaribu, kisha, roho inapomtoka, anaambiwa kwamba mlango ule uliwekwa kwa ajili yake peke yake, na sasa unafungwa. Katika filamu kisa hiki kimetangulizwa mwanzo kabisa, na picha zake, naapa, sijaona mfano wake.

BINTI: Zimetengenezwa na Alexandre Alexeieff na mkewe Claire Parker. Ni ubao uliochomekwa pini nyingi mno; pini zikisukumwa mbele au nyuma, na taa ikimulika kutoka ubavuni, vivuli vyake huwa wino. Ndiyo maana ukuta ule wa Sheria unaonekana kama ukungu uliogeuka jiwe.

KARANI: Picha sina ugomvi nazo. Ugomvi wangu ni kwamba katika kitabu kisa hiki kinakuja karibu na mwisho, kanisani, kasisi anamweleza K., na baada ya kumweleza wanakijadili kurasa na kurasa: nani aliyedanganyika, mtu wa shamba au bawabu? Maana mtu wa shamba alikuja kwa hiari yake na angeweza kuondoka, lakini bawabu amefungwa na kazi yake pale pale, hajui ndani kukoje, anawaogopa mabawabu wenzake wa ndani zaidi, na pengine amemngoja mtu huyo mmoja miaka yote hiyo kabla hajafika. Niliposoma hapo niliweka kitabu chini. Hakuna mtu aliyewahi kuniuliza habari za bawabu.

MAALIM: Naam, na mjadala ule ni wa namna tunayoijua sisi tuliosoma chuoni: matini, kisha sherehe ya matini, kisha hashiya juu ya sherehe, kila mwanachuoni akimwambia mwenzake neno hili lina wajihi wa pili. Ndani ya filamu, wakili anaanza kukisimulia tena kisa kwa picha za kumulika ukutani, naye K. anamkatiza kwamba amekwisha kukisikia. Welles ametuachia matini, hashiya amezitupa zote. Ndiyo sababu kuna wakati nilitamani filamu yenye utii, nikaipata: ile ya mwaka 1993 iliyoongozwa na David Jones, mswada wake ukaandikwa na Harold Pinter, Kyle MacLachlan akiwa K. na Anthony Hopkins akiwa kasisi, ikapigwa Prague kwenyewe.

BINTI: Ukaionaje?

MAALIM: Kila sura ipo mahali pake, mavazi ni ya zama zake, mitaa ni ile ile aliyopita Kafka akienda kazini. Nilisinzia.

BINTI: Basi, Maalim, umeshatoa hukumu kuhusu utii.

MAALIM: Nimetoa hukumu kuhusu usingizi wangu. Welles hakunisinzisha, nakiri, ila mtu anaweza kukeshwa na jambo lililo kinyume cha haki pia. Na kuna jambo jingine ambalo wewe mwenye kazi hiyo utanithibitishia. Nimeambiwa kwamba sauti nyingi ndani ya filamu ile si za waigizaji.

BINTI: Ni kweli. Waigizaji walikuwa wa mataifa mbalimbali, na Welles alipofika chumba cha kuunga alitia sauti yake mwenyewe katika vinywa vya kadhaa wao. Mchoraji Titorelli, yule anayemweleza K. kwamba kuachiliwa kabisa hajapata kukuona, ila kuna kuachiliwa kwa dhahiri na kuna kuahirishwa kusikokwisha, uso ni wa William Chappell, sauti ni ya Welles. Msimulizi wa mwanzo ni Welles. Wakili ni Welles.

MAALIM: Tazama basi. Mahakama nzima inasema kwa kinywa kimoja, na kinywa hicho ni cha mwenye filamu.

BINTI: Nami nakiona hicho kuwa ndiyo uungwana wake. Huyu ni mtu aliyeteswa na afisi za kampuni za senema tangu ujana wake: mwaka 1942 filamu yake ya pili ilikatwa yeye akiwa mbali, na nyingine iliyotoka mwaka 1958 nayo ikakatwa, akawaandikia wakubwa waraka mrefu akiwasihi, sauti yake isifike popote. Hii ya K. ndiyo aliyoiunga kwa mkono wake bila kuingiliwa. Na mwisho wake, moshi ukiwa bado uko angani, hakuna maandishi yanayopanda juu ya kiwambo. Ni yeye anayesema kwa sauti kwamba filamu imetoka katika riwaya ya Franz Kafka, kisha anawataja waigizaji mmoja mmoja, kisha anasema kwamba yeye alicheza wakili, akaandika, akaongoza, na jina lake ni Orson Welles. Katika hadithi ambayo haijulikani ni mkubwa gani aliyetoa amri, mtu mmoja anasimama anaweka sahihi yake.

KARANI: Wale wapiga taipu wa Zagreb aliwataja?

BINTI: Hapana, mzee. Aliwataja waigizaji tu.

KARANI: Watu 850, na jioni ile kila mmoja aliondoka dawatini kwa ishara moja.

BINTI: Wangetajwa wote, mzee wangu, majina yangechukua muda kuliko kesi.

KARANI: Yangechukua, ndiyo. Sisi masijala tulikuwa tukiyaandika.